Kinywa cha Kali

Kwa muda mrefu tumezoea kuyapima mashairi kwa vina na mizani, na riwaya kwa wahusika na maudhui yake. Filamu za watoto tumeziacha zipite kama upepo, kana kwamba linalosemwa mbele ya mtoto halina uzito kwa kuwa anayelisikia ni mtoto. Makala haya yanakusudia kulitazama jambo hilo kwa mfano mmoja uliotoka mbali, nchini Poland, ukanifikia nyumbani kwangu Pasiansi, Mwanza. Ni mfano wa filamu, wa mtu aliyeitungia mswada na kuiongoza, na wa kijana mmoja wa kubuni ambaye jina lake ni neno la Kiswahili.

Pasiansi ipo kwenye barabara itokayo mjini Mwanza kwenda uwanja wa ndege, baina ya majabali na Ziwa Viktoria. Wengi huijua kwa chuo chake cha askari wa wanyamapori. Mimi ni mtu wa pwani kwa kuzaliwa na mtu wa Pasiansi kwa ndoa, na nyumba yetu haipungukiwi watoto: wetu, wa majirani, na wa jamaa za mke wangu waliokuja mjini kusoma. Miongoni mwao yumo mtoto wa mdogo wake mke wangu, aliyeletwa kutoka Sengerema akiwa na miaka 9. Wenzake walimbandika jina la Lafiki, kwa sababu ndivyo alivyolitamka neno "rafiki" siku ya kwanza alipofungua mdomo. Kisukuma hakina sauti ya "r", na mtoto aliyenyonya lugha hiyo huitamka "r" ya Kiswahili kwa ulimi alio nao. Basi jina likamganda. Akawa mtoto wa maneno machache.

Mgeni mmoja kutoka Poland, aliyelala kwetu siku mbili kabla ya kuvuka kwenda Ukerewe, alituachia diski ya filamu aliyosema kuwa aliipenda utotoni. Jioni moja ya mvua watoto wakaiweka kwenye deki. Filamu ilikuwa kwa Kipolandi, bila maandishi ya tafsiri chini ya picha, na hakuna aliyeelewa hata neno. Baada ya dakika kumi watoto walianza kunung'unika. Hapo ndipo Lafiki, ambaye sasa ana miaka 11, alipochukua kijiko, akakishika kama kipaza sauti, akaanza kutafsiri.

Nasema kutafsiri, lakini alikuwa akitunga. Alifanya kama wafanyavyo watafsiri wa vibanda umiza: akapachika maneno vinywani mwa watu wa kwenye picha kwa kufuata nyuso zao na mikono yao. Kwenye filamu hiyo kuna kijana wa Kizungu mwenye bunduki, msichana mdogo wa Kizungu, na kijana Mwafrika anayefuatana nao. Kijana wa Kizungu alipomaliza kusema sana, yule Mwafrika akajibu maneno mawili matatu tu. Lafiki hakuridhika na uchache huo. Akamjibia: "Lafiki yangu, wewe una bunduki, mimi nina njia. Bunduki bila njia itakufikisha wapi?"

Chumba kizima kilishangilia. Hapana aliyemcheka.

Filamu hiyo inaitwa W pustyni i w puszczy, yaani Jangwani na Nyikani. Ilitoka mwaka 1973 katika sehemu mbili, na aliyeiandikia mswada na kuiongoza ni Władysław Ślesicki. Mtu huyu alizaliwa mwaka 1927 na kufariki mwaka 2008. Alisomea filamu katika chuo mashuhuri cha Łódź, na nusu ya kwanza ya maisha yake ya kazi aliitumia kutengeneza filamu fupi za hali halisi. Miongoni mwa hizo ni Płyną tratwy, ya mwaka 1962, ambayo jina lake lina maana ya mashua za magogo zinazoelea, na Rodzina człowiecza, yaani Familia ya Binadamu, ya mwaka 1966. Sifa yake katika filamu hizo ilikuwa subira: kumtazama mtu akifanya kazi, au mtoto akichezea maji, bila ya sauti ya msimulizi kuja kutueleza tunachokiona. Katikati ya miaka ya 1980 aliwatungia vijana mfululizo wa televisheni, Lato leśnych ludzi, Kiangazi cha Watu wa Msituni, kutokana na riwaya ya Maria Rodziewiczówna. Lakini kazi iliyolibeba jina lake ni ile ya mwaka 1973. Tiketi zaidi ya milioni 30 ziliuzwa katika nchi ambayo wakati huo watu wake walikuwa kiasi cha milioni 33. Filamu chache mno za Poland zimewahi kutazamwa na watu wengi hivyo.

Yatupasa tuiulize kazi kama hiyo, iliyoingia katika utoto wa taifa zima, imewafundisha watoto hao kuisikiaje sauti ya Mwafrika. Swali hilo linatuhusu sisi wa pwani kwa ukaribu kuliko msomaji anavyodhani. Hadithi ya filamu imetoka katika riwaya ya Henryk Sienkiewicz, aliyepata Tuzo ya Nobel mwaka 1905, na Sienkiewicz alifika kwetu. Mwaka 1891 alishuka Unguja, akavuka hadi Bagamoyo, akaanza safari ya bara. Homa ikamrudisha kabla hajafika mbali. Akaandika barua za safari yake zilizosomwa sana Poland. Miaka ishirini baadaye, mwaka 1911, akatoa riwaya hiyo ya watoto, na ndani yake mnasikika mwangwi wa masikio yaliyopita bandarini kwetu. Wachukuzi wa mizigo anawaita pagazi. Msichana wa Kizungu anaitwa na Waafrika Mzimu Mwema, na neno mzimu limeachwa kama lilivyo. Kuna mtoto aitwaye Nasibu. Kiswahili chenyewe kinatajwa kwa jina. Na kuna Kali.

Kali ni mtumwa wa mmoja wa watekaji waliowaiba watoto wawili wa Kizungu, Staś wa miaka 14 na Nel wa miaka 8, katika siku za vita vya Mahdi nchini Sudan, mwaka 1884 na 1885. Staś anapowaua watekaji, Kali anakuwa huru, lakini anabaki naye kama mtumishi. Baadaye tunajua kuwa ni mwana wa mfalme wa Wahima, jina ambalo watu wa maziwa yetu wanalijua vizuri. Ndiye anayeijua nchi na kuwafahamu watu wake. Kwa kila hali ya hadithi hiyo, bila ya Kali watoto wale wasingefika.

Walakini tazama anavyosemeshwa. Mwandishi amemnyima Kali vitenzi kamili. Kila anachosema kimewekwa katika kitenzi cha "ku-", naye hajiiti "mimi" bali hujitaja kwa jina: Kali kufanya hiki, Kali kutaka kile. Wapenzi wa ushairi watanielewa nikisema kuwa hilo si jambo la mapambo. Kwa Kipolandi, kama ilivyo kwa Kiswahili, kitenzi hubeba nafsi na wakati. Mtu akisema "nimekuletea", neno hilo moja lina mimi, lina wewe, lina wakati, na lina wema uliopita baina yetu. Vua viambishi vyote, useme "Kali kuleta", na umebakiwa na nini? Mletaji hana nafsi, mletewa hayupo, na tendo halina jana wala kesho. Mtu asiye na "mimi" hawezi kudai chochote, na asiye na "jana" hawezi kukumbuka alichofanyiwa. Mwandishi hakuhitaji kumtukana Kali. Alimwondolea viambishi tu, na mwana wa mfalme akawa kijakazi wa sarufi.

Kisha akamtwika mzigo mwingine. Staś anamuuliza Kali maana ya tendo baya. Kali anajibu kwamba mtu akichukua ng'ombe wa Kali, hilo ni baya. Ama tendo jema, ni Kali kuchukua ng'ombe wa mtu. Watoto wa Poland wamelicheka jibu hilo zaidi ya miaka 100, na katika lugha yao imezaliwa methali: mtu anayelaani kwa mwenzake jambo analojiruhusu mwenyewe huambiwa kuwa ana "maadili ya Kali". Kumbuka msomaji kwamba hadithi inatokea katika miezi ile ile ambapo mataifa ya Ulaya yalikaa Berlin, kuanzia Novemba 1884 hadi Februari 1885, wakiwekeana kanuni za kujitwalia bara ambalo si lao. Falsafa ya kuchukua ng'ombe wa mtu ilikuwa ikitekelezwa mezani, kwa kalamu na wino, na watu waliovijua vitenzi vyao vyote.

Kinachoumiza zaidi ni kwamba Sienkiewicz alijua ladha ya kunyang'anywa. Nchi yake iligawanywa baina ya Urusi, Prussia na Austria, na tangu mwaka 1795 hadi 1918 Poland haikuwamo katika ramani ya dola. Mwaka 1901, katika mji wa Września uliokuwa chini ya Wajerumani, watoto wa shule walikataa kusoma dini kwa Kijerumani, wakachapwa viboko. Sienkiewicz alisimama hadharani kuwatetea, na mwaka 1906 akamwandikia Kaisari Wilhelm wa Pili barua ya wazi. Kaisari huyo ndiye aliyekuwa akitawala Mwanza pia. Mtoto wa Września na mtoto wa Usukuma walikuwa chini ya fimbo ya mfalme mmoja. Mwandishi aliyeona kwamba ni dhuluma kumtoa mtoto katika lugha yake akiwa darasani Września, aliketi miaka michache baadaye akamtunga mtoto wa Kiafrika asiyekuwa na lugha nzima. Sidhani kama alifanya hivyo kwa chuki. Nadhani hakuwahi kufikiri kwamba mambo hayo mawili ni jambo moja.

Hiki ndicho kinywa alichorithi Ślesicki mwaka 1973. Haki yataka tumpime kwa alichokirithi na kwa alichokiongeza. Alichokiongeza ni jicho. Mtu aliyezoea kutazama kwa subira hawezi kuiacha subira hiyo nyumbani anapokwenda kupiga filamu Sudan na Misri. Kali, aliyeigizwa na Emos Bango, ana uso unaosema mambo ambayo maneno yake hayakupewa ruhusa ya kuyasema. Anasikiliza, anapima, anatangulia njiani. Nadhani uso huo ndio uliompa Lafiki maneno yake. Hakujua neno la Kipolandi, basi hakuusikia ulemavu wa ile kauli. Aliona kijana anayeijua njia, akamwandikia maneno ya mtu anayeijua njia. Picha ya Ślesicki ilimheshimu Kali kuliko mswada. Hiyo ni sifa kubwa kwa mwongozaji, na ni lawama kwa mtunzi. Na watu hao wawili walikuwa mtu mmoja.

Mtetezi atasema kuwa filamu haina budi kuwa aminifu kwa kitabu, na kwamba mtazamaji wa Poland angeudhika kumkosa Kali wake aliyemzoea. Naam, lakini kila filamu hukata sura nzima za riwaya na kuunganisha mambo yaliyotengana. Mtunzi anayethubutu kukata safari ya majuma kadhaa ikawa dakika tatu angeweza pia kumrudishia kijana viambishi vyake. Hadithi hiyo ilitengenezewa filamu tena mwaka 2001, chini ya mwongozaji wa Afrika Kusini, Gavin Hood, na miaka ya karibuni Wapolandi wenyewe wamekuwa wakijadili kwa ukali kama kitabu hicho kinafaa kubaki mikononi mwa wanafunzi. Ni mjadala wao, na ni vizuri kwamba wanao.

Lakini je, sisi? Hapa ndipo makala haya yanapogeuka, na nakuomba, msomaji, uvumilie. Washa televisheni yoyote ya Afrika Mashariki wakati wa vichekesho. Mlinzi wa getini ni Mmasai, naye hawezi kuunga sentensi. Mtu wa kutoka shamba ni Msukuma, na "r" zake zote zimegeuzwa "l" ili watu wacheke kabla hajasema la maana. Hata Mpemba hakuachwa: lafudhi yake, iliyohifadhi Kiswahili kikongwe kuliko cha wamchekao, imefanywa kibwagizo cha mzaha. Watoto hukaa mbele ya michezo hiyo na kujifunza, bila ya mwalimu, ni ulimi wa nani wenye haki ya kusema jambo zito, na ni wa nani umewekwa kwa ajili ya kuchekwa. Nasi watu wa pwani hatumo nje ya hukumu hii. Mara ngapi tumesema, kwa fahari, kwamba watu wa bara hawakijui Kiswahili? Mzungu akikivunja kinywa cha Mwafrika, hilo ni baya. Sisi tukikivunja kinywa cha Msukuma, hicho ni kichekesho. Methali ya Wapolandi inatufaa sawasawa: tuna maadili ya Kali.

Si kwamba hatukuwahi kuwa na njia nyingine. Mathias Mnyampala, Mgogo wa bara aliyezaliwa mwaka 1917, aliuchukua utungo wa majibizano akaufanya ngonjera, na vitabu vya Ngonjera za UKUTA vilivyotoka mapema katika miaka ya 1970, baada ya kifo chake, vikaingia shuleni kote Tanzania. Mwanafunzi wa Mwanza na wa Mtwara walisimama mbele ya wazazi wao wakasema beti kamili, zenye vina na mizani. Hakuna aliyepewa nusu ya mshororo kwa sababu ya kabila lake. Hilo ni jambo kubwa, nasi hatujalithamini vya kutosha. Kasoro ya ngonjera ilikuwa nyingine: maneno yalikuwa kamili lakini yalikuwa ya watu wazima. Mtoto aliisema siasa ya kilimo na ya umoja kwa ufasaha, na hapakuwa na beti la kusema kwamba anaogopa giza.

Kasoro hizo mbili, ya kumvunjia mtoto ulimi na ya kumwazima ulimi wa mkubwa, ndizo mtego wa kila anayewatungia watoto. Shirika la Ubongo, lililoanzishwa Dar es Salaam mwaka 2013, limefanya kazi ambayo kizazi changu hakikuiota: katuni za Kiswahili, zilizotungwa kwetu, zenye nyimbo ambazo watoto wa Pasiansi wanaziimba wakichota maji. Ubongo Kids ilianza kurushwa mwaka 2014, na baadaye ikafuata Akili and Me, yenye msichana mdogo anayeishi chini ya Mlima Kilimanjaro. Nawasifu kwa dhati. Mtoto humo ana "mimi" yake na "jana" yake. Ila kwa sikio langu, Kiswahili cha katuni hizo kimepigwa pasi mno. Ni kisafi, ni cha darasani, na mtoto yupo zaidi ili ajifunze kuliko ili awe. Lafiki anazipenda. Lakini ndani yake hajamsikia mtu shujaa mwenye ulimi kama wake.

Aliyelikaribia jambo hili kuliko wote, kwa maoni yangu, ni kundi la watunzi wa Kenya walioiandika Supa Modo. Filamu hiyo, iliyoongozwa na Likarion Wainaina, ilionyeshwa kwa mara ya kwanza katika tamasha la Berlin mwaka 2018, katika kitengo cha filamu za watoto na vijana. Mswada wake uliandikwa na mwongozaji pamoja na Mugambi Nthiga, Wanjeri Gakuru, Silas Miami na Kamau Wandung'u. Ni kisa cha Jo, msichana wa miaka 9 mwenye maradhi yasiyopona, anayerudishwa kijijini kwao aishi siku zilizobaki. Jo anapenda mashujaa wa filamu wenye nguvu za ajabu. Mama anataka kumlinda. Dada yake, Mwix, anataka kumfanya aamini kwamba nguvu hizo anazo. Mwishowe kijiji kizima kinaingia katika njama hiyo na kumtengenezea filamu yake.

Nakitaja kisa hiki kwa sababu ya namna watu wake wanavyosema. Kiswahili, Kikuyu na Kiingereza vinapishana katika kinywa kimoja kama vinavyopishana nyumbani kwao, na havipishani ili tucheke. Mpenda usanifu miongoni mwetu atakunja uso. Mimi pia nilikunja mwanzoni. Ni tabia ya mtu aliyelelewa na beti zilizonyooka. Lakini baada ya nusu saa nilitambua kwamba nilikuwa nikipima kitu kisicho chake. Mizani ya mazungumzo ya filamu ni kama mtu huyo, katika hali hiyo, angesema hivyo, na kama aliyoyasema yanatosha kubeba anachokihisi. Jo anajua kwamba atakufa. Watunzi hawakumpa hotuba juu ya kifo, wala hawakumfanya mjinga asiyejua. Wamempa maneno ya mtoto wa miaka 9, machache, yenye utani na yenye ukaidi, na yote ni yake. Kijiji kinachomsaidia kinafanya kile alichokifanya Lafiki jioni ile: kinamwandikia mtu nafasi ambayo dunia ilikuwa imemnyima.

Hapa ndipo nataka tuwarudie watafsiri wa vibanda umiza, ambao wahakiki tumewapita kama tunavyompita muuza karanga. Katika miaka ya 1990 na 2000 Dar es Salaam ilimjua Lufufu, ambaye kanda zake za filamu za kigeni alizozisimulia kwa Kiswahili zilizunguka mikoani. Na Uganda ina jeshi zima la wasimulizi wa namna hiyo. Watu wengi wamewaona kuwa ni wapiga domo wanaoharibu filamu za watu. Lakini kwa watoto wengi wa ufukwe huu wa ziwa, mtafsiri ndiye mtunzi wa kwanza wa filamu waliyemsikia. Alichukua picha iliyotengenezwa bila kuwafikiria, akaijaza maneno yao. Alipoona mtu mweusi pembeni ya picha, asiye na la kusema, alimpa utani na hekima hata akawa ndiye anayesubiriwa. Hiyo ni tahakiki inayofanywa kwa kipaza sauti, na hufanyika wakati ule ule kosa linapotokea.

Nasema haya si kwa kudai kuwa kila msimulizi ni malenga. Wengi hupayuka, na wengine huwatia vinywani wanawake maneno ambayo sitayaandika hapa. Ninachodai ni kwamba ile kazi ya kumpa mtu kauli inayomfaa ni kazi ya mshairi, na washairi wetu wameiachia njiani. Visiwani kuna watu wanaoweza kumtofautisha mtu wa Micheweni na wa Makunduchi kwa mshororo mmoja, bila ya kumdhihaki hata mmoja wao. Tangu mwaka 1998 Zanzibar ina tamasha lake la filamu. Kwa nini mtunzi wa filamu za watoto na mtunzi wa tenzi wakutane barazani wakipeana salamu tu, kila mmoja akashika njia yake? Kinywa ni jumba la maneno, walisema wahenga. Jumba la mtoto hujengwa mapema, na wajenzi wake siku hizi ni wale wanaoandika anachokiona kwenye kioo.

Siku chache baada ya jioni ile ya mvua, nilimweleza Lafiki habari ya Kali. Alikuwa akinisaidia kuanua dagaa kabla mawingu hayajashuka. Nikamwambia kwamba kwa Kipolandi yule kijana hasemi kama alivyomsemesha yeye. Kwamba maneno yake yamekatwa, na hajiiti hata "mimi". Alinyamaza kidogo huku akikung'uta wavu. Nilidhani ataniuliza kwa nini, nami nilikuwa tayari na Września na Berlin na viambishi vya nafsi.

Akaniuliza, "Walimcheka, baba mkubwa?"

Nikamwambia ndiyo, walimcheka, na kwa miaka mingi. Akatikisa kichwa, akaendelea na dagaa zake. Sikuongeza neno. Nilikumbuka siku ile alipoletwa kutoka Sengerema, akasimama mlangoni na kifurushi chake, akasema neno lake la kwanza mbele yetu. Watoto walicheka, na mimi nilicheka pamoja nao.